Sayyid Ahmad bin Sumeit: Kadhi Aliyesoma Nyota

Utangulizi

Kila mwaka, katika kipindi cha kwanza cha somo la msamiati, huwa tunawauliza wanafunzi wetu wapya swali dogo: kaskazini ni wapi? Mwanafunzi anayekaa Bwiza hunyoosha mkono kuelekea Ngagara na Kamenge, naye huwa amepatia. Tukiuliza neno lenyewe limetoka wapi, darasa hunyamaza. Hapa Bujumbura tunajielekeza kwa mlima na kwa ziwa. Milima iko mashariki na ziwa liko magharibi, na hayo mawili yanatosha kwa shughuli za kila siku. Neno kaskazini halikuzaliwa hapa. Lilizaliwa baharini, kutokana na kaskazi, upepo unaovuma kuanzia Desemba hadi Machi na kuleta majahazi kutoka Uarabuni na Bara Hindi. Ndugu yake ni kusi, upepo wa katikati ya mwaka uliokuwa ukiyarudisha, nao ndio uliotupa neno kusini.

Tunaanza na swali hilo kwa sababu ya malalamiko mawili tunayoyasikia mara kwa mara. La kwanza ni kwamba Kiswahili ni lugha ya soko na ya nyimbo, hakina maneno ya sayansi. La pili ni kwamba Kiswahili chetu cha Bwiza na Buyenzi ni kibovu, na kilicho sahihi kiko Unguja. Katika makala haya tunapenda kuyatazama malalamiko hayo kupitia maisha ya mtu mmoja wa enzi ya ukoloni, Sayyid Ahmad bin Abi Bakr bin Sumeit, aliyekuwa nahodha kabla ya kuwa kadhi wa Zanzibar. Hatumwiti mtaalamu wa nyota kwa maana ya mtu wa darubini. Tunamwita hivyo kwa maana waliyoijua watu wa bahari: mtu ambaye asipozisoma nyota vizuri, chombo hakifiki.

Mtoto wa Itsandraa

Ahmad bin Sumeit alizaliwa mwaka 1861 huko Itsandraa, katika kisiwa cha Ngazija, Komoro. Baba yake alikuwa mwanazuoni na mfanyabiashara ambaye asili yake ni Shibam, Hadhramaut. Familia za namna hiyo zilikuwa nyingi katika pwani yetu. Zilikuwa na ndugu Uarabuni, ndugu Komoro, ndugu Lamu na ndugu Zanzibar, na kilichowaunganisha kilikuwa jahazi. Elimu ya dini na biashara ya bahari havikuwa vitu viwili mbalimbali. Mtu alibeba bidhaa na vitabu katika chombo kimoja.

Ahmad alisoma kwa baba yake na kwa wanazuoni wa Komoro na Zanzibar. Alipokuwa kijana alishika chombo mwenyewe, akawa nahodha akisafiri kati ya visiwa vya Komoro na Zanzibar. Wanaosimulia maisha yake hulitaja jambo hili kwa haraka, kisha huenda kwenye fikihi, tarika na ukadhi. Sisi tunapenda kukaa hapo kidogo, maana unahodha ulikuwa shule.

Elimu ya nahodha

Dira ya mabaharia wa Bahari ya Hindi iligawanywa sehemu 32, na kila sehemu ilikuwa na nyuzi 11 na robo. Sehemu hizo hazikuhesabiwa kwa namba. Zilipewa majina ya nyota, kwa kufuata mahali ambapo kila nyota huchomoza na mahali inapotua. Upande wa kaskazini ulikuwa wa Jaa, nyota ambayo karibu haisogei angani. Upande wa kusini ulikuwa na Suheli, nyota ing'aayo sana ambayo katika anga zima la usiku inapitwa na nyota moja tu kwa mwanga. Maneno hayo mawili yameingia katika Kiswahili kiasi kwamba kamusi zetu huyaeleza kuwa ni majina ya pande: jaa ni kaskazini, suheli ni kusini. Aidha tunalo neno matlai, ambalo asili yake ni mahali pa kuchomoza, na leo hutumika kwa upepo utokao mashariki.

Nyota ya Jaa ilikuwa na kazi nyingine. Kimo chake juu ya upeo wa macho ni sawa, kwa kukadiria, na latitudo ya mahali ulipo. Ukiwa Aden utaiona kwenye kimo cha nyuzi 13 hivi, na ukiwa Cairo nyuzi 30. Mabaharia wa zamani walikipima kimo hicho kwa upana wa vidole, au kwa kibao chenye uzi wa mafundo. Nahodha aliyeufahamu urefu wa Jaa katika bandari anayoiendea aliweza kujua amebakiza safari kiasi gani.

Hapa pana jambo ambalo huwashangaza wanafunzi wetu. Jaa haionekani Zanzibar, wala Ngazija, wala hapa Bujumbura. Sisi sote tuko kusini ya ikweta, nayo iko chini ya upeo wa macho yetu. Nahodha wa Komoro aliyekuwa akienda Arabuni kwa kusi alilijua jina la nyota hii tangu utotoni na aliliona kwenye dira yake kila siku, lakini nyota yenyewe hakuiona mpaka alipoipita Kismayu na kusogea kaskazini siku kadhaa zaidi. Ndipo ilipoanza kujitokeza chini kabisa, ikipanda kidogo kila usiku. Kwa watu wa pwani yetu, basi, neno jaa lilitangulia kuonekana kwa kitu chenyewe. Mwalimu wa lugha anayejua hilo hatawacheka wanafunzi wake kwa kutumia neno ambalo hawajaona asili yake.

Kalenda nayo ilikuwa ya mabaharia. Mwaka wa mwezi mwandamo unapungukiwa siku 11 hivi ukilinganishwa na mwaka wa jua, kwa hiyo haufai kupangia pepo. Watu wa bahari waliuhesabu mwaka wa jua wa siku 365 kuanzia Nairuzi, na wakaugawa katika makumi ya siku. Kila kumi liliitwa mwongo. Walijua ni katika mwongo wa ngapi kaskazi itaanza, na katika mwongo wa ngapi jahazi halitakiwi kutoka bandarini. Leo tunafundisha darasani kwamba muongo ni miaka kumi. Ni neno lilelile, limehama kutoka siku kumi hadi miaka kumi, na wengi wetu tunalitumia bila kujua kwamba limetoka kwenye hesabu ya manahodha.

Tukiongeza majina ya sayari, yaani Utaridi, Zuhura, Mirihi, Mshtarii na Zohali, na jina la Kilimia, kundi la nyota lililohusishwa na majira ya kulima, tunaona kwamba msamiati wa elimu ya falaki ulikuwapo kabla ya kamati yoyote ya istilahi kukaa kikao. Ni kweli kwamba mengi kati ya maneno hayo yametoka katika Kiarabu. Hilo haliyaondolei uhalali, kama vile maneno ya Kigiriki na Kilatini hayajauondolea Kifaransa uwezo wa kusema sayansi.

Safari ya miaka mitatu

Mwaka 1883, akiwa na umri wa miaka 22 hivi, Ahmad bin Sumeit aliteuliwa na Sultani Barghash kuwa kadhi Zanzibar. Hakudumu. Palitokea kutoelewana kati yake na Sultani, na ilipofika mwaka 1885 au 1886 aliondoka. Alikwenda Istanbul, akapokewa na Sayyid Fadhl bin Alawi, mwanazuoni mzaliwa wa Malabar aliyekuwa karibu na Sultani Abdulhamid II. Huko alitunukiwa nishani ya dola ya Kiosmani. Alipita Misri, akakaa Makka kusoma, kisha akasafiri hadi Bara Hindi na kisiwa cha Java, ambako Wahadhrami walikuwa wamehamia kwa wingi. Alirejea Zanzibar mwaka 1888, Barghash akiwa amekwisha kufariki.

Waandishi wameieleza safari hii kama safari ya elimu na ya kujuana na wakubwa. Tuitazame pia kwa jicho la nahodha. Ahmad alikuwa mtu anayesali mara tano kwa siku, na kila alikofika ilimbidi ajue upya kibla kiko wapi. Nyumbani kwao Ngazija, Makka iko karibu kaskazini kamili, ikiegemea magharibi nyuzi 6 hivi. Zanzibar na Makka ziko karibu katika longitudo moja, kwa hiyo mwenye kusali Unguja huelekea kaskazini na hukosea kwa nyuzi 1 tu na kidogo. Istanbul mambo hugeuka: Makka iko kusini, ikielekea mashariki, na Jaa imepanda angani hadi nyuzi 41. Java ni ajabu zaidi. Latitudo ya Batavia, ambayo leo ni Jakarta, inakaribia sana ile ya Zanzibar. Msafiri wa Unguja anayefika huko huziona nyota zilezile za kwao, zikipita angani kwa njia ileile, na Jaa imekwisha kuzama tena. Lakini akisali kama alivyosali kwao atakuwa amepotea, kwa sababu Makka sasa iko magharibi, ikiegemea kaskazini nyuzi 25 hivi.

Mji anaouelekea ni uleule mmoja. Kinachobadilika ni mahali alipo anayeelekea. Nahodha hulifahamu hilo kwa mazoezi ya kila siku, na tunaamini kwamba kadhi aliyewahi kuwa nahodha alikuwa na faida katika kulifahamu.

Kadhi chini ya wakoloni

Tangu 1888 hadi kufariki kwake mwaka 1925, Sayyid Ahmad alikuwa kadhi wa madhehebu ya Shafii Zanzibar, akifanya kazi pamoja na makadhi wa Kiibadhi. Alihudumu chini ya masultani sita, bila kumhesabu Khalid bin Barghash aliyekalia kiti siku mbili tu mnamo Agosti 1896, kabla ya manowari za Uingereza kumwondoa kwa mizinga. Uingereza ilitangaza himaya yake juu ya Zanzibar mwaka 1890. Mwaka 1897 utumwa ulifutwa kisheria. Hakimu wa Kiingereza alizidi kuwa na sauti, na kadhi alibakiwa na ndoa, talaka, mirathi na wakfu, pamoja na heshima ya watu, ambayo haikutegemea amri ya serikali.

Hapa nyumbani miaka hiyohiyo ilikuwa na sura nyingine ya historia ileile. Wafanyabiashara wa pwani walikuwa wamekwisha kufanya kituo Ujiji, na kutoka huko Kiswahili kilipanda na mwambao wa Ziwa Tanganyika. Wajerumani waliweka kituo chao cha kijeshi Usumbura katika miaka ya mwisho ya karne ya 19, na askari, makarani na wachuuzi waliokuja nao walisema Kiswahili. Wabelgiji waliwaondoa Wajerumani mwaka 1916, lakini Kiswahili hakikuondoka. Mitaa yetu ya Buyenzi na Bwiza ni watoto wa historia hiyo.

Turudi Unguja. Rafiki mkubwa wa Sayyid Ahmad alikuwa Sheikh Abdallah Bakathir, mzaliwa wa Lamu, aliyefungua madrasa yake Ukutani. Wawili hao waliifanya Zanzibar kuwa mahali pa kwenda kusoma kwa vijana wa Lamu, Mombasa, Komoro na kwingineko. Walifariki katika mwaka mmoja, 1925. Mmoja wa wanafunzi waliopita mikononi mwao ni Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui wa Mombasa, aliyeishi kati ya 1891 na 1947. Mwanawe Sayyid Ahmad, Omar, naye alikuja kuwa kadhi Zanzibar.

Sayyid Ahmad aliandika kwa Kiarabu, kama wanazuoni wenzake walivyofanya. Mwanafunzi wake Al-Amin aliona kwamba wasomaji wa kawaida wanaachwa nje, akaanzisha gazeti la Sahifa mwaka 1930 na Al-Islah mwaka 1932, na Kiswahili kikapewa nafasi ya kubeba hoja za dini, siasa na elimu. Mwaka 1972 Sheikh Abdallah Saleh Farsy alichapisha kwa Kiswahili kitabu cha maisha ya wanavyuoni wa Kishafii wa Mashariki ya Afrika, na humo Sayyid Ahmad ana nafasi kubwa. Katika muda usiozidi miaka hamsini tangu kufariki kwake, elimu iliyokuwa ikiandikwa kwa Kiarabu tu ilikuwa ikiandikwa kwa Kiswahili na kueleweka. Kilichobadilika ni uamuzi wa watu wenye elimu kuitumia lugha yao, na wala hawakungoja lugha ikamilike kwanza.

Kibla cha Bujumbura

Sasa tuje kwenye lalamiko la pili. Mmoja wetu, alipokuwa akisoma shahada ya uzamili katika nchi jirani, alisema darasani "niko nasoma" badala ya "ninasoma". Darasa lilicheka, na mwalimu akaongeza kwamba kwa Kiswahili hicho mtu asingeweza kufundisha popote. Mwenzetu huyo alinyamaza karibu muhula mzima. Wanafunzi wetu kutoka Bwiza wanaijua hali hiyo. Wengine wamekizungumza Kiswahili tangu kuzaliwa, lakini wakiingia darasani hukaa kimya, huku wenzao waliojifunza kitabuni wakijibu.

Tulikaa na mwenzetu wa hisabati tukakokotoa kibla cha Bujumbura. Mji wetu uko latitudo ya nyuzi 3 na kidogo kusini, na uko nyuzi 10 hivi magharibi ya longitudo ya Makka. Jibu ni kwamba kutoka hapa Makka iko kaskazini, ikiegemea mashariki kwa nyuzi 22. Kwa lugha ya manahodha, ni karibu sehemu mbili kamili za dira kutoka Jaa kwenda mashariki. Mtu wa Unguja akija Bujumbura na kusali kama alivyozoea kwao, akielekea kaskazini moja kwa moja, atakuwa amekosea kwa nyuzi zote hizo, ingawa kwao alikuwa sahihi kabisa.

Tunaona hapo fundisho kwa walimu wa Kiswahili sanifu. Hatusemi kwamba hakuna usanifu, au kwamba kila mtu aelekee anakotaka. Makka ni moja, na mtihani wa taifa ni mmoja. Tunachosema ni kwamba njia ya kufika huko lazima ianzie mahali mwanafunzi aliposimama. Anayesema "niko nasoma" ana kanuni katika kichwa chake. Ameunganisha kitenzi cha kuwapo mahali na kitenzi cha tendo ili kuonyesha tendo linaloendelea, na kanuni hiyo inafuatwa na mamilioni ya wasemaji kuanzia hapa hadi mashariki ya Kongo. Mwalimu akiifahamu anaweza kumwonyesha mwanafunzi umbali uliopo hadi "ninasoma", na mwanafunzi ataupita kwa hatua chache. Mwalimu anayecheka hajapima kitu.

Hitimisho

Maisha ya Sayyid Ahmad bin Sumeit yanatufundisha mambo mawili yanayohusu kazi yetu. Kwanza, maneno ya sayansi hayakosekani katika Kiswahili kwa kiasi tunachodhani. Mengine yako katika kamusi, yamelala, kwa sababu hatuyapeleki darasani. Mwalimu anayefundisha sayari kwa Kiswahili na kuanza na Zuhura na Mshtarii anafundisha sayansi na historia kwa pamoja. Pili, mtu anaweza kutoka pembeni, kutoka Itsandraa, akawa kadhi katika mji mkuu wa Waswahili wa zama zake, na asilazimike kusahau alikotoka.

Tuna ombi kwa wasomaji wetu, hasa wanafunzi wanaokaa Bwiza, Buyenzi na vijiji vya kando ya ziwa. Wavuvi wetu wa ndagala huingia ziwani na taa katika usiku wa giza, na hupumzika mwezi unapokuwa mpevu. Wanazijua pepo za ziwa na wanazijua nyota. Majina wanayotumia, yawe ya Kiswahili, ya Kirundi au ya mchanganyiko, ni sehemu ya elimu hiyohiyo ya falaki tuliyoieleza hapa. Waulizeni wazee, andikeni jina, mahali, msimu na maelezo kama mlivyoambiwa, bila kuyasahihisha. Yaleteni idarani. Tungependa katika mwaka huu wa masomo kuanzisha orodha ya majina ya nyota na pepo za Ziwa Tanganyika, na orodha hiyo haiwezi kuandikwa Unguja wala Dar es Salaam. Inaweza kuandikwa hapa tu, na wale wanaojua kaskazini yetu iko wapi.